Posa ya Shuka Jeupe

Jumamosi, 3 Agosti 1957

Imefika! Wiki saba nimeingoja, na leo imefika posta. Kiboksi cha bati kisichozidi kiganja, mihuri ya Ulaya kila upande. Karani akaniuliza ndani mna nini. Nikamwambia mna wazee wangu watatu. Akanisogezea kalamu nitie sahihi.

Nauandika mpango mzima hapa, ili siku nikisifika watu wajue ulianzaje. Nataka kumwoa Saleha binti Shehe. Saleha ananitaka. Baba yake, Mzee Shehe fundi saa, hana ubaya na mimi, ila amesema neno moja: nilete wazee. Posa haendi mtu mwenyewe, huenda wazee wake. Na mzee niliye naye mimi duniani ni mmoja tu, Mjomba Mwinyijuma wa Maramba, aliyenilea tangu mama alipokufa. Hatusemezani mwaka wa pili huu.

Sababu? Upuuzi mtupu. Kwenye harusi ya bintiye niliinuka nikamwigiza anavyotembea. Ule mguu wa kushoto unaojishauri kwanza kabla ya kukanyaga, ile fimbo, ile shingo. Watu walivunjika mbavu! Mjomba akaondoka kwenye karamu yake mwenyewe, akaingia ndani, akafunga mlango. Basi ni kosa langu kwamba anaigika? Tangu siku hiyo naletewa maneno, eti niende nikamwombe radhi. Mimi! Msanii!

Kwa hiyo nimejitengenezea wazee wangu. Wa kwanza ni Sharifu wa Lamu, joho na kilemba. Wa pili ni Effendi wa Mombasa, suti na tarbushi. Wa tatu ni Mjomba, nimemtia kukoleza mchuzi. Wote ni mimi, ndani ya filamu hiyo iliyokwenda Ulaya kusafishwa! Nitawaonyesha kwenye shuka jeupe nyumbani kwa Mzee Shehe, niseme wamezuiliwa na mambo ya safari, wamejileta kwa filamu. Na kwa kuwa filamu yenyewe haina sauti, mimi nitajificha nyuma ya shuka niwasemee. Pwani yote hii hajatokea mtu wa kufanya hivyo.

Kamera na mashine ya kuonyeshea nilipewa na mhandisi mmoja wa shamba la mkonge alipokuwa anarudi kwao. Ulikuwa ujira wa kumchorea mbwa wake. Mimi kazi yangu ni kuchora vibao vya maduka na mabango ya sinema, lakini mbwa yule alinitoa jasho. Mara tatu bwana alirudisha picha, akisema masikio si yenyewe.

Jumapili, 4 Agosti

Tumeitazama! Tulifunga mlango, dirisha tukaliziba kwa gunia, tukairusha ukutani. Alikuwapo Tadeo, jirani yangu hapa Mabawa, Tanga, fundi baiskeli, Mkatoliki kutoka Usambaa. Mtu mwema lakini jicho la sanaa hana. Ndiye aliyenishikia kamera.

Sharifu alipotokea ukutani, na ndevu zake za pamba, nilijikuta nimemwambia shikamoo. Kisha nikakumbuka ni mimi.

Kuna dosari chache. Tadeo amemkata Effendi kichwa! Dakika nzima suti inatembea, tai inapepea, mikono inapunga, na juu ya kola hakuna kitu. Nilipomfokea, Tadeo akajibu kwamba ni mimi niliyemwambia ahakikishe viatu vinaonekana. Kweli nilisema. Vilikuwa viatu vya kuazima, vya ngozi nyororo, vilistahili kuonekana. Nimepata dawa yake. Nitasema Effendi ni mcha Mungu kupindukia, hapendi sura yake ipigwe picha. Tena inampandisha daraja.

Dosari ya pili, kuku amepita katikati ya miguu ya Sharifu. Huyo simwombei radhi. Lamu nako kuna kuku.

Tadeo akauliza kama kweli hatatokea mtu wa kunitambua. Nikacheka. Akasema pua. Nikamwambia watu wa ukoo mmoja hufanana pua, hata yeye na nduguze. Akashika pua yake.

Jumatatu, 5 Agosti

Siku ya sauti. Ya Sharifu nzito, ya Effendi ya puani, ya Mjomba ya kukatakata, kwa sababu Mjomba humeza mate kila baada ya maneno matatu. Nilianza alfajiri, nikazungumza na nafsi yangu watatu mpaka adhuhuri. Sharifu na Effendi waligombana kidogo kuhusu nani akae mbele. Sikukusudia, yalitokea yenyewe.

Mara hodi! Alikuwa Semeni, mama wa vitumbua, ambaye chumba chake na changu ni ukuta mmoja. Ana sahani ya vitumbua tisa, vitatu kwa kila mgeni, na birika la chai. Akasema ameona haya kusikia wazee watu wazima wakikaa tangu alfajiri mdomo mkavu, na mimi mwenyeji sijui hata kuwatia chai. Nikapokea mlangoni, nikamwambia wanaswali. Akasema sawa, atangoja vyombo. Atangoja! Ilinibidi nile vitumbua tisa na kumaliza birika huku yeye amesimama nje. Kisha akapaza sauti kuwauliza wazee kama wameridhika. Nikamjibu kwa sauti zote tatu. Ya Effendi ilikwama, kitumbua kilikuwa bado kinapita.

Alipoondoka aliniachia habari iliyonikata maini. Mbwana, yule karani wa relini anayevaa filimbi shingoni hata siku ya mapumziko, naye anamtaka Saleha. Na wazee anao. Saba! Jumamosi wanakwenda kwa Mzee Shehe kwa posa.

Basi mimi nitawatangulia. Alhamisi!

Jumanne, 6 Agosti

Barua ya Saleha, imeletwa ndani ya kikapu cha embe mbichi. Mwandiko wake ulivyonyooka! Ananiambia hivi: yeye amekubali tangu mwaka jana, baba yake hana neno, kilichobaki ni Mjomba wangu. Nipande basi la Maramba asubuhi, nikae na Mjomba, jioni nitakuwa nimerudi, na mambo yatakuwa yamekwisha. Anasema anamtaka Mselem wa Maramba, mpwa wa Mwinyijuma, na hao wengine ninaowatangaza mjini hawajui. Mwisho akaongeza kwamba kama mimi kwenda Maramba naona uzito, yeye kuandika barua haoni uzito.

Nimeisoma mara tano. Hawajui hao wengine! Maana yake ana hamu ya kuwajua. Nimemjibu mstari mmoja tu, awe na subira, Alhamisi atawajua wote.

Kuhusu Maramba, hebu tuseme kweli. Niende nikapige magoti mbele ya mzee ambaye kosa langu kwake ni kuchekesha watu? Halafu nikifika nimwambie nini? Mimi nikikaa mbele ya Mjomba huwa mtoto wa miaka saba, aliyelowesha mkeka. Hapa Tanga mimi ni mtu mwingine. Nimewahi kuwa Mngazija kwa wiki mbili, na kwenye duka moja la nguo nilikuwa Mshihiri wa Arabuni mpaka wakanikaribisha kahawa.

Jumatano, 7 Agosti

Nimemtuma Tadeo kwa Mzee Shehe awe mshenga. Alienda na ovaroli ya baiskeli, lakini mikono alinawa. Akaeleza kwamba kesho baada ya alasiri wazee wangu watakuja kwa njia ya kisasa. Mzee Shehe hakuuliza njia gani. Aliuliza wapikiwe wangapi. Na Tadeo, kichwa cha pampu, akajibu watatu!

Anasema Bi Mboni, dada yake Mzee Shehe, aliinuka pale pale akaenda kukamata kuku. Bi Mboni ndiye aliyemlea Saleha, na ndani ya nyumba ile hakuna neno linalopita bila kupita kwake. Kila wiki yumo kwenye onyesho la sinema la wanawake. Nasikia hulia kabla ya mahali pa kulia, kwa kuwa hujua mapema nani atakufa. Tadeo ana wasiwasi naye. Mimi sina. Mpenzi wa sinema ni mtu wangu.

Alhamisi, 8 Agosti

USHINDI!

Tulifika kabla ya wakati tukatandaza mambo. Ukumbi wa Mzee Shehe una umeme kwa ajili ya kazi yake, na ukutani saa kama ishirini, kila moja na rai yake. Tukaziba madirisha kwa majamvi. Joto lake! Shuka tukalitundika mbele ya mlango wa uani, mimi nyuma yake, Tadeo kule mbele na mashine. Watu wakaingia. Mzee Shehe na jamaa zake upande wa kulia, Bi Mboni na kina mama upande wa kushoto. Saleha, kama ilivyo ada, alikuwa jikoni. Nilimsikia akikohoa kile kikohozi chake cha kuficha kicheko.

Sharifu akatokea. Nikaitoa sauti ya kwanza, nikawatolea salamu, nikasema tumeona ua zuri kwenye bustani yenu. Ukumbi mzima ukaitikia waaleikum salaam. Waliliitikia shuka! Machozi yalinilenga.

Hapo Bi Mboni akasema wageni wakaribie, kwanza chakula, maneno baadaye. Nikasikia sinia likitua chini mbele ya shuka. Pilau! Harufu ikapenya kwenye kitambaa ikanikuta mimi, ambaye tangu asubuhi sikutia kitu tumboni kwa ajili ya kulinda sauti. Akaeleza kwa upole kwamba nyumba yao ina desturi moja. Mgeni asiyekula hapewi jibu.

Sikuwa nimelifikiria hilo! Nilipiga picha wazee wakitembea, wakikaa, wakipunga mkono. Wakila, hapana. Lakini msanii hakosi la kusema. Kwa sauti ya Sharifu nikasema kwamba leo ni Alhamisi, na Sharifu amefunga sunna. Bi Mboni akasema mashaallah. Kisha akauliza, je, kwao Lamu hufunga huku wakitafuna tambuu?

Shavu la Sharifu kwenye shuka lilikuwa linakwenda juu na chini, juu na chini, bila aibu. Nikasema hiyo ni dawa ya jino. Bi Mboni akampa pole, akataka kujua ni jino lipi. Nikasema la nyuma. Akasema mbona anatafunia upande wa mbele.

Alhamdulillahi Effendi akaingia. Bila kichwa. Jamaa mmoja wa Mzee Shehe akasema huyu hata angependa kula, angetia wapi? Watu wakaangukiana kwa kicheko. Nikaeleza ucha Mungu wake, lakini sauti ya puani ilitoka kwenye kola tupu, na kina mama wakazidi.

Ndipo Mzee Shehe akafungua kinywa kwa mara ya kwanza. Akasema sura za wageni hawa hazijui, ila saa yao anaijua. Mwezi wa tano aliibadilisha mkanda kwa mkono wake, ina ufa kwenye nambari nne. Amemwona nayo Sharifu, sasa anamwona nayo Effendi. Akauliza kwa heshima kama ukoo mzima una saa moja ya kupokezana. Nikajibu ndiyo, ni ya urithi! Vicheko hivyo! Mwenye mbavu alizishika. Mimi nyuma ya shuka nilikuwa nimelowa jasho, na furaha imenijaa hadi kooni, kwa sababu watu wakicheka kiasi hicho hawawezi kukataa.

Mara ikasikika hodi barazani. Mzee Shehe akatoka. Nikajua ameenda kufuta machozi mbali na macho ya watu.

Kisha Mjomba akatokea kwenye shuka. Hapo ndipo nilipojishinda mwenyewe! Mguu wa kushoto ukajishauri, fimbo ikatangulia, shingo ikafuata. Wala hakuna aliyecheka. Ukumbi ukazizima. Hata Bi Mboni. Nikasikia fimbo sakafuni, tok, tok, pamoja na picha. Nikashangaa Tadeo alipata wapi akili ya kuongeza sauti! Nikamsemea Mjomba mistari yake yote, nikafunga mdomo. Na sauti ya Mjomba ikaendelea! Naapa. Nimenyamaza, na sauti bado inasema, inakatakata, inameza mate. Nilikuwa nimeizoeza hadi ikajua kusema yenyewe.

Mara vigelegele! Bi Mboni wa kwanza, kisha wote! Wamekubali!

Muoaji hakai penye jibu, desturi naijua. Nikachomoka mlango wa uani. Saleha alikuwa amesimama karibu na mafiga, analia na kucheka pamoja, akanipungia upawa akiniambia nirudi ndani, nirudi ndani upesi. Nikamwambia desturi, bibi, desturi! Nikakimbia mpaka Mabawa bila kupumzika.

Ijumaa, 9 Agosti

Tadeo amenirudishia mashine, shuka, na uso wa Ijumaa Kuu.

Anadai vigelegele havikuwa vyangu.

Mjomba alikuwamo ukumbini! Mwenyewe, mwili na fimbo! Saleha alimwandikia Jumanne ile ile, barua ikaenda na dereva wa basi, na Alhamisi Mjomba akapanda hilo basi akaja. Hodi ile ya barazani ilikuwa yake. Mzee Shehe akampokea, wakaamkiana, akamkaribisha ndani, na Mjomba akasimama mlangoni akajiona anatembea kwenye shuka. Tadeo anasema alitaka kuizima mashine, mkono ukamgomea. Wote walikwisha kumwona. Ndiyo maana hakuna aliyecheka.

Mjomba akatazama. Akapiga hatua mbili karibu na shuka, akatazama. Ukanda ulipokwisha akasema kwamba yule si yeye. Yule ni marehemu baba yake. Alikufa bila kuacha hata picha moja, na yeye Mjomba alikuwa hajui kuwa miguu ile ameirithi. Kisha akakaa chini mahali pa wageni, akasema anaitwa Mwinyijuma, amekuja kumwombea mpwa wake Mselem. Maneno hayo tu. Akanawa, akala. Mzee Shehe akajibu wamekubali. Kisha Mjomba akaomba baba yake arudishwe kwenye shuka, na Tadeo akamrudishia mara mbili.

Kusema kweli nimelia. Babu sikumdiriki. Nimekaa kitandani nikatazama miguu yangu, nikatembea chumbani kidogo, na mguu wa kushoto nao ukajishauri.

Lakini kuna sharti. Mjomba amesema yeye amemaliza lake, limebaki langu. Ijumaa ijayo niende Maramba, niketi naye, nimwombe radhi kwa kinywa changu. Nisipokwenda, atajua hana mpwa, na neno lake la posa analiondoa. Na Mzee Shehe kwa upande wake amewaahirishia wazee wa Mbwana. Walikuwa waje kesho. Sasa wameambiwa wangoje wiki moja, Jumamosi ijayo, wasikie kama mlango umefungwa au uko wazi.

Nimemwambia Tadeo kwamba sikatai, Mjomba alisaidia kidogo. Lakini ukumbi ule aliuandaa nani? Nani aliyewalainisha watu kwa vicheko? Tadeo akasema yeye anakwenda kula. Akaenda.

Jumatatu, 12 Agosti

Nimekwenda. Yaani nilitoka.

Stendi nililiona basi la Maramba, lina nafasi tele, dereva ni yule yule aliyepeleka barua. Akanipungia mkono. Nikaona linaweza kujaa baadaye. Nikapanda la kwenda mpaka Horohoro, mpakani, kwa hesabu kwamba njia yao ni moja kwa sehemu kubwa, na kwamba nitashuka panapo njiapanda. Kwenye basi nilijaribu maneno. Mjomba, nimekuja. Mjomba, unajua tena mambo ya ujana. Mjomba, siku ile mimi nilikuwa. Kila nikifika hapo naanza upya. Sauti tatu ninazo, na kwa neno hili hata moja haikuja. Mama aliyekaa karibu nami akadhani nachefuka, akanipa limau.

Njiapanda ikafika. Utingo akauliza nani anashuka. Nikanyonya limau.

Nimekunywa chai Horohoro, nikatazama lori zikikaguliwa, nikarudi. Naogopa, basi! Nimeandika. Naogopa asije akanitazama vile alivyonitazama siku ya harusi, alipogeuka mlangoni kabla hajafunga. Afadhali anipige.

Saleha ameuliza kupitia Tadeo kama nimeshakwenda. Nimesema niko njiani.

Alhamisi, 15 Agosti

Mimi ni jabali! Jana saa tisa alasiri fikra ilinijia, nikainuka na sabuni usoni. Nani kasema kinywa lazima kisafiri na mwenye kinywa? Mjomba hakuipenda ile filamu? Alirudishiwa mara mbili! Basi mtu kama huyo huombwa radhi vipi?

Nikakimbia duka la dawa la Mhindi, nikanunua ukanda mpya wa filamu. Tadeo nikamtoa kwenye baiskeli za watu. Tukaenda nyuma ya nyumba, kwenye mwanga mzuri. Hapana joho, hapana tarbushi, kanzu yangu ya kawaida tu. Safari hii kichwa kimo, viatu nimemwambia asahau.

Mara ya kwanza nilipiga goti kwa maringo mno. Mara ya pili Semeni alipita na karai. Mara ya tatu, sijui niseme nini. Maneno yalitoka yote. Mjomba, siku ile nilikuaibisha mbele ya watoto wako, na wewe ndiwe uliyenifundisha kutembea. Nilikutaka ucheke, nikakuona unaondoka, na mimi nikaona haya kukufuata. Yote, bila kukwama, na machozi ya kweli, wallahi sikuyatia mate. Tadeo alipoishusha kamera alikuwa anajifuta kwa kitambaa cha mafuta.

Akanishika bega. Akaniomba, jamani, akaniomba kabisa, kesho nipande basi nikaseme hivyo hivyo. Hivi hivi nilivyosema, nisibadilishe neno, itachukua dakika moja. Nikamhurumia. Usanii haujui. Jambo kama lile hutoka mara moja katika maisha ya mtu! Nikienda Maramba nikakwama je? Hapa limo kwenye bati, salama.

Akasema filamu haina sauti. Nikamwambia Mjomba atasoma midomo. Akasema Maramba kwa Mjomba hakuna umeme. Nikamwambia asinichoshe na vitu vidogo.

Leo asubuhi nimeipeleka posta, inakwenda Ulaya kusafishwa, kwa meli. Nimempa yule dereva wa Maramba ujumbe kwa Mjomba, kwamba nimekwisha kumwomba radhi, vizuri sana, na ataiona mwenyewe mwanzoni mwa mwezi wa kumi.

Tadeo anasema wazee saba wa Mbwana leo wamepeleka kanzu kwa dobi. Wapige pasi, nani kawazuia. Nimemwandikia Saleha alale usingizi, radhi imeshaondoka Tanga. Kesho Ijumaa sina kazi yoyote, nitapumzika.